Makundi ya Chuki: Anzeni na Anayelengwa

Safari hii ukurasa wa maswali tumeutenga kwa jambo moja. Barua nyingi zimeuliza habari za makundi yanayoeneza chuki dhidi ya watu wa rangi, kabila, dini au asili fulani: yanatambulikaje, yanawavutaje watu, na jamii ifanye nini yanapoingia mtaani. Barua tumezifupisha. Majina ya waandishi hatukuyaweka, kwa usalama wao.

Wanafunzi wangu huliita kila kundi lenye hasira "kundi la chuki". Mpaka uko wapi? (Mwalimu wa uraia, shule ya sekondari)

Mwalimu, hasira si kipimo. Wafanyakazi waliogoma wana hasira, na waliopokonywa ardhi wana hasira kubwa zaidi, lakini hasira yao inalenga kitendo: mshahara usiolipwa, hati iliyoghushiwa. Kitendo kikirekebishwa, ugomvi unakwisha. Kundi la chuki humlenga mtu kwa alivyozaliwa au anavyoabudu, na hakuna anachoweza kufanya, kulipa wala kuomba radhi kikamtoa kwenye orodha ya maadui. Wape wanafunzi swali hili: huyu anayeshutumiwa afanye nini ndipo waachane naye? Kama jibu ni "hakuna, labda ahame au afe," hapo mmeshaikuta chuki yenyewe.

Kwa upande wa maneno kipo kipimo kinachotumika kimataifa. Mpango wa Utekelezaji wa Rabat, uliokamilishwa mwaka 2012 chini ya Umoja wa Mataifa, unataka yaangaliwe mambo sita kabla kauli haijaitwa uchochezi wa kuadhibiwa: mazingira ya wakati huo, msemaji na ushawishi wake, nia yake, maudhui na jinsi yalivyosemwa, ukubwa wa hadhira, na uwezekano wa madhara kutokea kweli tena karibuni. Ndiyo maana sentensi ileile ina uzito mmoja ikitoka kwa mlevi njiani, na uzito mwingine kabisa ikitoka kwa kiongozi redioni juma la uchaguzi.

Wafundishe pia kuuliza nani anachuma. Ku Klux Klan, kundi la kibaguzi la Wazungu wa Marekani, katika miaka ya 1920 ilikuwa biashara. Ada ya kujiunga ilikuwa dola 10, na wakala aliyemwandikisha mwanachama mpya alibaki na dola 4. Kijana akijua hivyo, ile hadithi ya "wateule wanaookoa taifa" hupungua uzito machoni pake.

Asubuhi tumeamka tukakuta vipeperushi vinavyowatukana majirani zetu wa dini nyingine, vimetupwa kwenye milango. Kamati imegawanyika: wengine wanasema tupuuze, wengine tuitishe mkutano leo leo. (Katibu wa kamati ya wakazi)

Ndugu Katibu, kabla hamjaokota hata karatasi moja, pigeni picha. Tatu kwa kila mahali: moja ya mbali inayoonyesha barabara na nyumba, moja ya kati, na moja ya karibu inayosomeka. Andikeni tarehe, saa na jina la aliyeikuta. Kisha mtu avae glavu, aweke nakala mbili tatu ndani ya bahasha ya karatasi. Mfuko wa plastiki haufai kuhifadhia, maana hukusanya unyevu na kuharibu alama za vidole. Zilizobaki ziokotwe zote kabla watoto hawajatoka kwenda shule. Yakiwa ni maandishi ukutani, utaratibu ni uleule: picha, polisi wayaone, halafu yapakwe rangi ndani ya siku moja au mbili. Yakiachwa, anayepita husoma kwamba mtaa umeyakubali.

Hapa ndipo watu wenye nia njema huharibu. Mtu anapiga picha ya kipeperushi, anaituma kwa uchungu kwenye makundi kumi ya simu, na nembo na anwani ya kundi vinaonekana wazi. Aliyetupa karatasi arobaini gizani ameshapata maelfu ya wasomaji bila kutoa senti. Makundi haya mara nyingi ni madogo kuliko yanavyojionyesha. Mtu mmoja mwenye printa na baiskeli anaweza kuufanya mtaa mzima uamini kuna jeshi. Ukilazimika kuonyesha picha, ziba nembo, anwani na maneno ya matusi.

Sasa kuhusu mgawanyiko wenu: tunaona pande zote mbili zimeruka hatua. Kabla ya kupuuza na kabla ya mkutano, nendeni kwa waliotajwa. Waende watu wawili au watatu wanaofahamika kwao, bila umati na bila kamera. Waulizeni kama wako salama usiku wa leo, wangependa mfanye nini, na nini msifanye. Hilo la mwisho husahauliwa sana. Familia nyingine hazitaki majina yao yatajwe hadharani, nyingine zina mtoto anayekaribia mitihani na hazitaki waandishi wa habari mlangoni. Mkutano unaoitishwa "kwa ajili yao" bila wao huwaweka kwenye mwanga ambao hawakuuomba. Toeni msaada unaoshikika: mtu wa kuwasindikiza watoto, taa ya nje iliyoharibika itengenezwe, namba mbili za simu zitakazopokelewa hata saa nane za usiku.

Tamko la kamati lifuate baada ya hapo, na liwe fupi. Semeni kilichotokea bila kurudia matusi, semeni hawa ni majirani zenu na mtasimama nao, toeni namba ya kuripoti. Lisainiwe na watu ambao mtaa unawasikiliza: viongozi wa dini zote, walimu, wenye maduka, kocha wa timu ya vijana. Sahihi ya kocha wakati mwingine ina nguvu kuliko ya mwanasiasa, kwa sababu vijana wanaowindwa na makundi haya wanamjua kwa jina.

Mwisho, fungueni daftari la matukio: tarehe, saa, mahali, kilichotokea, waliolengwa, ushahidi uliopo, taarifa imepelekwa wapi na namba yake. Alitunze mtu mmoja, nakala ikae kwingine. Tukio moja dogo polisi wanaweza kuliweka kando. Matano ndani ya miezi miwili, yenye mwandiko uleule, ni habari nyingine.

Mfano tunaoupenda zaidi ni wa Billings, mji wa jimbo la Montana, Marekani, mwaka 1993. Nyumba ya familia ya Wahindi Wekundu ilipochafuliwa kwa maandishi ya chuki, mafundi rangi, kupitia chama chao cha wafanyakazi, walijitolea kuipaka upya. Vijana wa kibaguzi walipokwenda kukaa kanisani kwa Wamarekani Weusi ili kuwatisha, waumini wa makanisa mengine walikuja kukaa nao kwenye ibada. Desemba tofali la saruji lilirushwa kwenye dirisha la chumba cha mtoto wa Kiyahudi, na gazeti la mji likachapa ukurasa mzima wa picha ya kinara cha mishumaa cha Hanuka, sikukuu ya Kiyahudi. Maelfu ya nyumba za watu wasio Wayahudi zikakibandika madirishani. Baadhi ya nyumba hizo zilivunjiwa vioo pia, na vinara vikazidi kuongezeka. Angalia walivyojibu: kila shambulio lilipata jibu la ukubwa wake, kutoka kwa watu wenye ujuzi uliohitajika, palepale lilipotokea.

Kundi la chuki limetangaza maandamano mjini kwetu mwezi ujao. Vijana wetu wanataka kwenda kuwakabili ana kwa ana. Tuwazuie? (Mwenyekiti wa umoja wa vijana)

Msiwazuie kutoka. Wahamisheni. Wanaoandamana kwa chuki wanahitaji vitu viwili siku hiyo: umati wa kuwazomea, na ngumi moja itakayorekodiwa. Video ya dakika moja ambamo mwenzao anapigwa itawasaidia kuandikisha wanachama kwa mwaka mzima. Kwa hiyo fanyeni shughuli yenu, siku ileile na saa ileile, mahali pengine ambapo pande mbili hazionani wala hazisikiani. Iwe na sababu yake: michezo, chakula cha pamoja, kuchangia damu. Matangazo yenu yasilitaje kundi lile kwa jina. Wekeni msimamizi mmoja kwa kila watu hamsini, mwenye fulana ya rangi moja, na kazi yake iwe moja tu, kuwaondoa taratibu wanaotaka kuchomoka kwenda kupigana. Polisi wapewe ratiba na njia mapema kwa maandishi, na mkubaliane nani atazungumza nao siku hiyo, asiwe zaidi ya mtu mmoja.

Ipo pia mbinu ya Wunsiedel, mji mdogo wa Ujerumani ambako Wanazi mamboleo walikuwa wakiandamana kila mwaka kwa sababu ya kaburi la Rudolf Hess, msaidizi wa Hitler. Kaburi liliondolewa mwaka 2011, maandamano hayakukoma. Novemba 2014 wakazi walitafuta wafadhili wakaahidi euro 10 kwa kila mita ambayo waandamanaji wangetembea, fedha ziende kwa EXIT-Deutschland, shirika linalowasaidia watu kuacha makundi hayohayo. Walichora alama za umbali barabarani, wakawawekea ndizi njiani, na mwishoni bango la kuwashukuru kwa mchango. Zilipatikana euro 10,000. Waandamanaji wakajikuta kila hatua wanayopiga inaligharimu kundi lao. Mbinu hii inataka wafadhili wapatikane kabla, siri itunzwe mpaka asubuhi ya siku yenyewe, na waliolengwa wakubali. Kwa kundi lenye silaha tusingeishauri.

Shikamooni wahariri. Mimi ni mama wa kijana wa miaka 16. Tangu mwaka jana anazungumza maneno ya ajabu kuhusu "wao" wanaotuharibia nchi. Ameacha rafiki zake wa zamani, na simu yake haiachi. Baba yake anataka kumfukuza nyumbani mpaka ajirekebishe.

Marahaba, mama. Tunakuomba sana mzuie baba asimfukuze. Wanaoandikisha vijana wanaisubiri siku hiyo, kwa sababu kijana aliyefukuzwa anahitaji kitanda, chakula na watu wa kumwita ndugu, na wao watampa vyote. Kukubali mawazo yake hamtakiwi. Anachohitaji ni kujua kwamba mlango wa nyumbani haufungwi.

Waliofanya kazi na watu waliotoka kwenye makundi haya, tangu mradi wa kwanza wa Exit ulioanzishwa Norway mwaka 1997, kisha Sweden na Ujerumani, wamekuta jambo linalojirudia. Wengi hawakuingia kwa sababu ya itikadi. Waliingia kwa sababu ya rafiki, ya upweke, ya kudhalilishwa shuleni, ya kutaka kuonekana wa maana. Itikadi walijifunza wakiwa ndani, kama ada ya kubaki. Ndiyo sababu kumshinda kwa hoja usiku kucha hakuzai kitu: unashindana na maneno, na kilichomshika ni watu.

Anza kwa maswali, mkiwa mnafanya kazi nyingine pamoja, msitazamane kama mahakamani. "Ulianza lini kuliona hivi?" "Nani alikuonyesha?" "Ungekuwa umekosea, ungejuaje?" Uliza moja, unyamaze, usikilize. Ukisikia uongo, sema kwa utulivu kwamba hukubali na kwa nini, mara moja, halafu endelea na mazungumzo. Tafuta mtu mzima mmoja ambaye bado anamheshimu, iwe mjomba, fundi au mwalimu wa michezo, amrudishe kwenye kitu alichokuwa akikipenda kabla ya mambo haya. Nafasi ile isipojazwa, atarudi kuleile. Kuivunja simu hakusaidii, atapata nyingine ambayo hutaijua.

Alama nazo ni vizuri mzijue. Makundi ya Kinazi mamboleo hutumia namba: 88 ni herufi ya nane, H, mara mbili, yaani "Heil Hitler", salamu ya Kinazi, na 14 ni idadi ya maneno ya kaulimbiu yao ya ubaguzi. Kila kundi lina zake, na hubadilika haraka. Namba peke yake haithibitishi kitu. Itazameni pamoja na mambo mengine.

Subira ina mpaka. Ukiona silaha, orodha ya majina au anwani za watu, ramani au picha za jengo analolichunguza, akianza kugawa vitu vyake, akiandika barua ya kuaga au kutaja tarehe, usimalize siku bila kuwaarifu wanaohusika. Utakuwa unayaokoa maisha ya wengine na yake pia.

Nasimamia kundi la simu la wakazi 230. Watu wanaleta sauti na picha za kuchochea, nikifuta naambiwa naminya uhuru. (Msimamizi)

Futa, ndugu. Kundi la majirani lina kanuni zake, na kulisimamia si sawa na serikali kumfunga mtu mdomo. Ila fanya kwa mpangilio. Hifadhi picha ya skrini kwanza, yenye jina, namba na saa. Futa. Mwandikie aliyeleta faraghani, kwa heshima, umuulize ameipata wapi; wengi huwa wamesambaza kwa hofu, na ukiwaaibisha mbele ya watu 230 watashupaa. Halafu weka sahihisho fupi: anza na ukweli, taja mara moja tu kwamba kuna uvumi, rudia ukweli. Ukianza na uvumi, ndio watakaoukumbuka. Wafundishe wanakikundi kutazama alama ya "umesambazwa mara nyingi". WhatsApp ilibana usambazaji hadi mazungumzo 5 kwa mara moja mwaka 2019, na ujumbe wenye alama hiyo hadi 1 mwaka 2020, kwa sababu uvumi wa namna hii ulishaua watu.

Kuna aina tatu za ujumbe za kufuta bila mjadala. Ya kwanza ni inayowaita watu wadudu, wanyama au ugonjwa. Ya pili inasema "wanapanga kutumaliza, tuwawahi". Ya tatu inataja watu kwa majina, mahali wanapoishi au namba za magari yao. Zote tatu zilisikika Rwanda kupitia redio ya RTLM, iliyoanza kurusha matangazo Julai 1993. Ilianza kwa muziki mzuri na utani, vijana wakaipenda. Ikawaita Watutsi "inyenzi", mende. Na mauaji ya kimbari yalipoanza Aprili 1994 ilitangaza majina na mahali walipojificha watu. Mwaka 2003 Mahakama ya Kimataifa ya Jinai kwa Rwanda, iliyoketi Arusha, iliwatia hatiani waanzilishi wawili wa redio hiyo pamoja na mhariri wa gazeti la *Kangura*. Kwenye rufaa mwaka 2007 adhabu zilipunguzwa, lakini wote watatu walibaki na kifungo cha miaka 30 au zaidi.

Je, sheria inaweza kulivunja kundi lenyewe, au inamfunga mtu mmoja tu wengine wakaendelea?

Inaweza, hasa kesi ya madai ya fidia, pale ambapo nchi inaruhusu. Mwaka 1981 wanachama wa United Klans of America, moja ya makundi ya Ku Klux Klan, walimuua kijana mweusi, Michael Donald, huko Mobile, Alabama. Wauaji walihukumiwa, lakini mama yake alikwenda mbele zaidi, akalishtaki kundi zima. Mwaka 1987 baraza la mahakama liliamuru alipwe dola milioni 7. Kundi halikuwa nazo. Lilimkabidhi jengo la makao yake makuu. Mwaka 2000 Aryan Nations, kundi la Wanazi mamboleo la jimbo la Idaho, nao walipoteza kambi yao baada ya hukumu ya dola milioni 6.3, kwa sababu ya walinzi wao kuwafukuza mama na mwanawe waliokuwa wakipita na gari na kulifyatulia gari hilo risasi. Kesi za namna hii husimama kwa ushahidi kwamba kundi liliagiza, liliwezesha au lilifunza kitendo. Chuki ya maneno haitoshi. Daftari la matukio tulilolitaja juu ndilo wakili atakaloliomba kwanza.

Mtu aliyekuwa kwenye kundi la chuki miaka minne anasema ameacha, anaomba kurudi kwenye jumuiya yetu ya ibada. Wako waumini aliowatisha. (Kiongozi wa dini)

Mheshimiwa, msimkaribishe kwa shangwe wala msimfungie. Waliotishwa waulizwe kwanza, kila mmoja peke yake, na asiwepo anayelazimishwa kusamehe au kukaa naye. Kama hawawezi kuwa naye mahali pamoja, yeye ndiye apangiwe saa nyingine au mahali pengine. Wao wasihame.

Kutoka na kubadilika ni mambo mawili. Mtu anaweza kuacha kundi kwa sababu aligombana na viongozi, huku mawazo yote akiwa nayo. Mpeni mtu mmoja wa kukutana naye kila juma kwa miezi kadhaa, na mtazame vitendo: amekata mawasiliano, ameacha akaunti na namba za zamani, ameeleza alichofanya bila kujitetea, amekubali kulipa alichoharibu. Makosa ya jinai ayapeleke kwa vyombo vya sheria. Jumuiya ya ibada si mahali pa kuyaficha. Msimpandishe jukwaani atoe ushuhuda mapema. Sifa za ghafla zinampa kile alichokuwa akikitafuta kule, na wenzake wa zamani watamjua alipo. Usalama wake ni jambo la kweli: wanaotoka hutishiwa, kwa hiyo anwani yake na kazi yake visitangazwe.

Kazi ndiyo inayowashinda wengi. Asipopata kipato na watu wapya ndani ya miezi ya mwanzo, simu ya rafiki wa zamani itapokelewa. Na kama ana michoro ya kundi mwilini, hakuna atakayemwajiri ikionekana. Kuifuta kwa leza huhitaji vipindi vingi, kila kimoja wiki kadhaa baada ya kingine, na ni ghali. Kuifunika kwa mchoro mwingine ni nafuu na hufanyika kwa siku moja au mbili. Asijaribu kuichoma kwa asidi au chuma cha moto nyumbani. Akiwa anasubiri, shati la mikono mirefu linatosha.